Umri wa Shairi katika Hesabu ya Nyota

Miongoni mwa maswali ambayo wapenzi wa tungo za kale huulizana kila wakutanapo, lipo moja lisilochoka: shairi hili lina umri gani? Muulize mtu kuhusu Fumo Liyongo, shujaa na malenga wa pwani ya kaskazini, na utapewa majibu yanayoachana kwa mamia ya miaka. Mmoja atampeleka zama za mbali kabisa, mwingine atamleta karibu na zama za Wareno, na kila mmoja atalitetea jibu lake kwa moto. Nimesikiliza mabishano ya namna hiyo mara nyingi, na nimegundua kwamba joto lake halitokani na hesabu. Linatokana na mapenzi. Tunadhani kwamba tukimzeesha Liyongo, lugha yetu nayo tumeipa heshima.

Kwa sababu hiyo nimevutiwa na maisha ya mtu mmoja aliyelichukua swali hili kwa uzito wa hesabu, huku akijua fika kwamba watu wake walikuwa wakitarajia jibu la mapenzi. Hakuwa mtu wa pwani yetu. Alikuwa Mtamil wa kusini mwa India, naye aliitwa Louis Dominic Swamikannu Pillai.

Swamikannu Pillai alizaliwa mwaka 1865, wakati Jimbo la Madras likiwa chini ya utawala wa Kiingereza, katika jamii ya Watamil Wakatoliki. Majina yake mawili ya mwanzo yanatangaza dini yake, na hayo mengine yanatangaza asili yake. Alisoma sheria na lugha, akatumikia serikali ya kikoloni kwa muda mrefu, akatunukiwa lakabu ya Diwan Bahadur, na alipofariki Septemba 1925 alikuwa Rais wa Baraza la Kutunga Sheria la Madras, wa pili kushika cheo hicho. Mtu akiishia kwenye wasifu huu atamwona kuwa ni mmoja tu wa wale waliopanda ngazi za ofisi za mkoloni, wakazeeka na nishani kifuani. Lakini kando ya mafaili ya serikali mtu huyu alikuwa na kazi ya pili, na ndiyo iliyobaki. Alizihesabu siku.

Ili tuielewe kazi hiyo, hatuna budi kwanza kuiangalia kalenda aliyoikuta. Mhindi wa kale alipotaka kuitaja siku, hakuridhika na tarehe moja. Aliitaja siku ya juma, kama sisi tunavyosema Ijumaa. Aliutaja mwezi, ambao kwa Watamil huandama jua, nao huanza pale jua linapoingia katika buruji mpya. Aliitaja tithi, yaani hatua ya mwezi wa angani, na hatua moja ni ule muda ambao mwezi huliacha jua kwa nyuzi 12, hata zikatimia hatua 30 kutoka mwandamo hadi mwandamo. Tena aliitaja manazili ambamo mwezi umelala usiku huo, nazo ni 27. Wanafalaki wa Kiarabu, ambao istilahi zao ziliingia katika Kiswahili, walihesabu manazili 28.

Ugumu uko hapa: tithi haina urefu mmoja. Kwa kuwa mwezi huenda kasi wakati mwingine na wakati mwingine hujikokota, hatua moja huweza kwisha kabla ya saa 24 kutimia, au ikazidi. Siku hupewa jina la tithi inayokuwapo jua linapochomoza, kwa hiyo tithi moja yaweza kuruka bila kuipa jina siku yoyote, na nyingine yaweza kuzipa jina siku mbili. Mtu anayetaka kujua tithi fulani ya miaka elfu iliyopita iliangukia siku gani katika kalenda ya Kizungu hana njia ya mkato. Lazima auhesabu mwendo wa jua na mwendo wa mwezi, kisha avikutanishe.

Na haja ya kujua ilikuwa kubwa. Kuta za mahekalu ya kusini mwa India zimejaa maandishi yaliyochongwa katika mawe: mfalme fulani ametoa shamba, mwingine ametoa taa na mbuzi wa kuigharimia samli. Maandishi hayo huutaja mwaka wa utawala wa mfalme, siku ya juma, tithi na manazili, lakini mara nyingi hayaitaji tarikhi yoyote ya kuhesabia miaka. Ni sawa na mtu akuambie kwamba alioa Jumatatu, mwezi mpevu, mwaka wa saba wa sultani, asikwambie sultani yupi. Franz Kielhorn wa Göttingen alikuwa amezikagua tarehe nyingi za namna hiyo, na Robert Sewell pamoja na Sankara Balakrishna Dikshit walikuwa wametoa majedwali yao mwaka 1896. Swamikannu Pillai aliipokea kazi hiyo akaisogeza mbele, akazipima upya tarehe za wafalme wa Chola na wa Pandya.

Mwaka 1911 alitoa kitabu kuhusu kronolojia ya India, chenye majedwali ya kuanzia mwaka 1 kabla ya Kristo hadi mwaka 2000. Baadaye, kuanzia 1922, serikali ya Madras ilichapisha kazi yake kubwa zaidi, kalenda ya siku kwa siku ya miaka 700 hadi 1799. Miaka 1,100 ni siku zaidi ya laki nne. Kila siku ina mahali pake katika kurasa zile, pamoja na wakati wa kwisha kwa tithi na kwa manazili. Nami huona adabu ya pekee katika kazi hiyo. Hakuandika ili asifiwe kwamba anajua. Aliandika ili msomaji wa kawaida, mwenye penseli na subira, aweze kuikagua tarehe mwenyewe bila kumtegemea mnajimu wala profesa.

Mpaka hapa alikuwa akiyahudumia mawe. Mambo yalibadilika alipoigeuzia mashairi hesabu hiyo hiyo.

Maisha yake yaliangukia wakati ambapo Watamil walikuwa wakiipata upya fasihi yao. Miswada ya makuti ya mvumo iliyosahauliwa majumbani na katika nyumba za watawa ilikuwa ikikusanywa, ikilinganishwa na kupigwa chapa. Mkuu wa kazi hiyo alikuwa U. V. Swaminatha Iyer, ambaye mwaka 1892 alitoa chapa ya Silappadikaram, utenzi wa furungu. Ni kisa cha Kannagi, ambaye mumewe Kovalan aliuawa Madurai kwa kusingiziwa kwamba ameiba furungu la malkia. Kannagi alilipasua furungu lake mbele ya mfalme. Ndani yake mlikuwa na yakuti, ilhali la malkia lilikuwa na lulu. Mfalme alipotambua dhulma aliyoitenda alianguka akafa, na ghadhabu ya mjane yule ikauteketeza mji.

Utenzi huu una umri gani? Ndani yake anatajwa Gajabahu, mfalme wa Lanka, na historia za Lanka zinamjua mfalme wa jina hilo aliyetawala katika karne ya pili. Kwa ushahidi huo na mingine, V. Kanakasabhai alitoa mwaka 1904 kitabu kuhusu Watamil wa miaka 1,800 iliyopita, na idadi hiyo aliitia katika jina lenyewe la kitabu. Wasomaji walikipokea kwa furaha iliyo rahisi kueleweka. Kwa muda mrefu lugha yao ilikuwa imechukuliwa kuwa tawi tu la Kisanskriti, hata Robert Caldwell alipoonyesha mwaka 1856 kwamba Kitamil na ndugu zake ni ukoo unaosimama peke yake. Mtu wa taifa linalotawaliwa, aliyeambiwa na mtawala kwamba hana historia, alishika mkononi tungo ambazo huenda zilikuwa na umri wa Roma. Umri ulikuwa ngao.

Sasa utenzi huo unaitaja siku ambayo Madurai iliungua. Unasema ulikuwa mwezi wa Adi, nusu ya giza, tithi ya nane, siku ya Ijumaa, mwezi ukiwa katika manazili ya moto. Manazili hayo ni Krittika, nasi tunayo kwa jina letu. Ni kilimia, kile kishada cha nyota ambacho wazee wa pwani husema kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na ambacho mkulima hukitazama ajue majira. Kwa Mhindi, kilimia ni nyota za Agni, mungu wa moto. Mshairi alipoutaja moto wa angani juu ya mji unaowaka duniani, alijua alitendalo.

Swamikannu Pillai aliyachukua maneno hayo, akayaunganisha na maelezo ya kalenda yaliyoongezwa na Adiyarkkunallar, mfafanuzi wa zama za kati, akazipima karne moja baada ya nyingine. Siku iliyotimiza masharti yake ilikuwa Ijumaa, tarehe 23 Julai, mwaka 756.

Mwaka 756, wala si karne ya pili. Zaidi ya miaka 500 ya fahari ilikuwa imekatwa kwa kalamu ya Mtamil mwenyewe.

Hakuishia hapo. Mwaka 1918 Swaminatha Iyer alitoa chapa ya Paripadal, mkusanyo wa kale, na katika shairi la 11 la mkusanyo huo, linalousifu mto Vaigai unapofurika, mshairi anaeleza sayari zilivyokaa angani na mwezi ulivyopatwa. Swamikannu Pillai alilipigia hesabu shairi hilo nalo, akapata tarehe 17 Juni mwaka 634. Nako huku wengi walikuwa wakitumaini karne za mbali zaidi.

Mara nyingi hujiuliza ni nini kilichomfanya aitangaze tarehe ya namna hiyo. Hakuna aliyemlazimisha. Angeweza kutafuta Ijumaa nyingine, katika karne iliyopendeza zaidi, na ni wachache mno ambao wangeweza kumkagua. Lakini yeye mwenyewe alikuwa ameshawapa watu majedwali ya kumkagulia. Mtu aliyekuchongea mizani na kukukabidhi mkononi hawezi tena kukupunja bila wewe kujua. Naamini uaminifu wake ulianza pale, katika kuichapisha mizani kabla ya kuipima bidhaa.

Hata hivyo, kumheshimu si kumkubalia yote. Wataalamu wa baadaye wengi hawakuzipokea tarehe zake, nami nadhani walikuwa na sababu. Tuipime ile siku ya Kannagi. Katika mwezi wa Adi jua huwa katika buruji ya Saratani, na siku nane baada ya mwezi mpevu wa wakati huo, mwezi hufika karibu na kilimia kila mwaka. Kwa hiyo tithi na manazili si mashahidi wawili wanaojitegemea. Ni shahidi mmoja aliyevaa kanzu mbili. Inabaki Ijumaa, nayo hupatikana mara moja katika saba. Ukitegemea maneno ya utenzi peke yake, siku ya namna hiyo itajirudia mara nyingi katika muda wa karne chache. Kilichoibana hesabu ikaishia kwenye mwaka mmoja ni yale maelezo ya mfafanuzi, na mfafanuzi aliishi muda mrefu baada ya mshairi. Tarehe ile, basi, ina nguvu sawa na kauli ya Adiyarkkunallar, haina zaidi.

Shairi la mto Vaigai lina ushahidi wenye uzito zaidi, kwa sababu linazitaja sayari. Mshtarii huzunguka buruji zote kwa takriban miaka 12, na Zohali kwa karibu miaka 30, kwa hiyo hazirejei pamoja mahali pamoja upesi. Lakini hapa kuna tatizo la namna nyingine, na hili linatuhusu zaidi sisi watu wa lugha. Mshairi wa kale hakuziandika sayari kwa majina ya darasani. Alitumia lakabu, mafumbo na maneno ambayo maana zake zimefifia. Neno moja likisomwa kuwa buruji hii badala ya ile, karne nzima huhama. Wapo waliolihesabu shairi lile lile wakafika kwenye miaka ya mbali kabisa na 634, si kwa sababu nyota ziliwadanganya, bali kwa sababu waliyasoma maneno kwa namna tofauti. Hesabu ya nyota huanzia katika kamusi.

Na liko jambo la tatu. Siku iliyomo ndani ya shairi si lazima iwe siku ya kutungwa kwake, wala si lazima iwe siku iliyopata kuwako. Huenda mshairi wa Silappadikaram aliichagua ile nane ya giza chini ya nyota za moto kwa kuwa ni siku ya kutisha, kama mtunzi wetu anavyoweza kuuweka msiba katika usiku wa mwezi kupatwa. Falaki inaweza kutuambia ni lini mbingu zilikaa hivyo. Haiwezi kutuambia kama mshairi alikuwa akishuhudia au akibuni. Hilo ni la msomaji.

Pamoja na hayo, alichokiacha Swamikannu Pillai hakikupungua. Alipoitangaza namba, aliwalazimisha wenzake wote kutoa hoja. Waliomkubali, kama S. Vaiyapuri Pillai, mhariri wa kamusi kuu ya Kitamil ya Chuo Kikuu cha Madras, walishutumiwa kwa kuzishusha umri tungo za wazee. Waliomkataa ilibidi waseme kwa nini, na katika kusema kwao tukapata usomaji makini wa mistari ambayo hapo awali ilikuwa ikisifiwa tu. Na Kannagi hakudhurika. Wasomaji wake hawakupungukiwa na kitu siku mtu aliposema alizaliwa karne ya nane. Furungu lilipopasuka mbele ya mfalme, yakuti zilimwagika vile vile.

Nirudi kwetu sasa, maana ndiko ninakotaka somo hili lifike. Katika ushairi wetu tunao mwongozo pale ambapo mwandishi ameuacha. Hati ya Utendi wa Tambuka hutajwa kuwa ya mwaka 1141 wa Hijria, nasi huandika 1728 bila kusita, ingawa mwaka ule wa Hijria ulianza Agosti 1728 na kwisha katikati ya 1729. Utendi wa Fumo Liyongo tulio nao kwa mkono wa Muhamadi Kijuma ni wa mwaka 1913. Tarehe hiyo ni ya utendi, haimhusu Liyongo mwenyewe, wala mashairi anayonasibishiwa. Mara ngapi tumeviona vitu hivi vitatu vikichanganywa katika sentensi moja?

Wala hatukuwa watu wasiojua kuhesabu siku. Mabaharia na wakulima wa pwani walizihesabu kutoka Nairuzi kwa miongo, kumi kumi, hata zikatimia 365, wakajua ni mwongo wa ngapi kusi litapunga na ni mwongo wa ngapi jahazi halifai kutoka. Makunduchi ingali inaoga mwaka. Kwa kuwa hesabu hiyo haiongezi siku katika mwaka mrefu, Nairuzi hurudi nyuma siku moja kila baada ya miaka minne, na mtu akikuta mwongo umetajwa pamoja na tarehe ya Hijria katika hati ya zamani, amepata mizani ya kupimia. Ndivyo ilivyo pia kwa shairi linaloutaja upepo, mwezi na nyota. Maneno hayo si mapambo ya kurukwa upesi ili tuyafikie mafunzo. Yasomwe polepole, na kila kilimia kiulizwe kilikuwa upande gani wa mbingu.

Ninalolitaka ni dogo. Tukikutana tena kubishana juu ya umri wa tungo zetu, kila mmoja aweke mezani neno alilolisoma, namna alivyolielewa, na hesabu iliyomfikisha alipofika, ili mwenzake aweze kumkagua. Jibu likitoka changa kuliko tulivyotamani, tulipokee. Na wewe unayetunga leo, ukimaliza kaditama yako, andika chini yake siku, mwezi na mwaka, pamoja na mji ulipokuwa. Kuna msomaji ambaye hajazaliwa bado, naye atakushukuru.